Tui Liingie Mwisho, Mdogo Wangu

Mdogo wangu uliyeniandikia kutoka Tandika, salamu zako zimefika. Unasema joto hili la kaskazi limekufanya uchukie kusimama jikoni, shemeji amechoka na mchicha wa nazi uliorojeka, na ulipojaribu kukaanga mboga kama Wachina ulipata supu. Nimekuelewa, maana nami nimepita hapo. Mara ya kwanza nilirundika kila kitu kwenye sufuria, nikamimina tui juu yake, nikafunika. Nilipofunua, bamia zilikuwa zinavutika kama mlenda na karoti bado mbichi.

Sisi watu wa pwani mboga tunaifunika. Inachemka taratibu na tui mpaka vyote vishikane, na ule mchuzi ndio utamu wenyewe. Wachina kwao karai huachwa lipate moto hasa, mboga kavu zikaingia kwa zamu, mkono hautulii, na baada ya dakika chache tu chakula kimeshapakuliwa. Watu wa Guangdong wana jina la ile harufu ya moto inayobaki kwenye chakula: wok hei, yaani pumzi ya karai. Njia zote mbili ni nzuri, ila haziwezi kufanya kazi kwa wakati mmoja. Moto wa Mchina utangulie, tui letu lifuate.

Adui yako ni maji. Osha mboga mapema, zitandaze kwenye ungo zikauke kabisa, ndipo ukate. Bamia chagua changa, zile ambazo ukiikunja ncha kwa kidole inakatika, na uzikate mshazari, vipande vikubwa. Ukizikata zikiwa zimelowa, utelezi wote utakuja kwenye karai. Chainizi tenga vikonyo na majani, maana haviivi pamoja. Kwa watu wanne, robo kilo ya bamia, karoti mbili, hoho moja na fungu moja la chainizi vinatosha.

Washa moto mkali. Jiko la mkaa linafaa kabisa, mradi mkaa umekolea. Mafuta yakishapata moto, tupia kitunguu saumu na tangawizi vilivyokatwakatwa, uvigeuze kwa sekunde chache tu, maana vikiungua vinakuwa vichungu na uchungu huo hautoki. Hapo hapo weka karoti na vikonyo vya chainizi, kisha bamia, kisha hoho. Majani yaingie mwishoni. Karai likiwa dogo, kaanga kwa mafungu mawili, kwa sababu mboga zikijazana zinatoa maji na kuchemka badala ya kukaangika. Chumvi usiguse. Inavuta maji kutoka kwenye mboga, na sosi ya soya unayokwenda kuweka, vijiko viwili vya chakula, ina chumvi ya kutosha. Imwage pembeni mwa karai, iungue kidogo ndipo iteremke kwenye mboga.

Sasa epua. Nasema epua kwanza, ndipo umimine nusu kikombe cha kasimile, lile tui zito la kwanza, ugeuze mara mbili na kukamulia ndimu. Tui likichemkia kwenye moto ule litakatika, utaona mafuta yamejitenga na mabonge ya tui yameganda kwenye bamia. Wachina mara nyingi huongeza wanga wa mahindi ili mchuzi ushike mboga. Wewe huuhitaji, kasimile inafanya kazi hiyo na kuleta utamu wake juu. Binzari na viungo vya pilau viache leo, vitafunika tangawizi na soya, na utakuwa umerudi kwenye mchuzi ule ule wa kila siku.

Shemeji akisema karoti haijaiva, usirudishe karai jikoni. Mwambie atafune taratibu, maana karoti inayokatika menoni ndiyo iliyoiva kwenye mapishi haya. Nimewapikia watu wazima waliokuja na mashaka hayo hayo, wakaomba kuongezewa.

Tui la pili, lile jepesi, usilimwage. Pikia wali, na wali huo uwe umeshakauka na kufunikwa kabla hujatia mafuta kwenye karai, kwa sababu mboga hii ikikaa robo saa tu inatoa maji.