Kitabu cha Afya Kisomwe Jumuiyani



Ndugu wasomaji, katika somo hili tunatazama vitabu vinavyotufundisha kujikinga na magonjwa na kutunza afya zetu nyumbani. Swali letu ni moja: tuvisome namna gani ili vibadili maisha ya kaya zetu?

Ghala limejaa, mtoto amedumaa

Utafiti wa kitaifa wa afya wa mwaka 2022 ulionyesha kuwa Iringa inaongoza nchini kwa udumavu. Katika kila watoto 100 wenye umri chini ya miaka mitano, takribani 57 wamedumaa, wakati wastani wa taifa ni 30. Huu ndio mkoa unaopeleka mahindi katika mikoa mingine. Jirani zetu wa Mbeya nao wana mchele wa Kyela na Mbarali, na Rungwe kuna ndizi, maziwa na parachichi.

Kwa hiyo ghala lililojaa halitoshi. Mtoto anaweza kushiba uji wa mahindi matupu kila siku, huku mayai, maharage na maziwa yakienda sokoni. Kuhara kwa mara kwa mara nako humnyang'anya kile kidogo alichokula. Siku 1,000 za kwanza, tangu mimba kutungwa hadi mtoto afikishe miaka miwili, ndizo za kuangaliwa zaidi, kwa sababu kinachopotea hapo ni vigumu sana kukirudisha baadaye. Udumavu haupunguzi kimo tu, huathiri pia uwezo wa mtoto kujifunza. Hapa maarifa yanahitajika, na kitabu kizuri kinaweza kuyaleta hadi mlangoni.

Mfano wa mwaka 1973

Wazee wetu wanakumbuka kampeni ya Mtu ni Afya ya mwaka 1973. Kwa wiki 12 watu wazima wapatao milioni mbili walikutana katika vikundi nchini kote. Walisikiliza kipindi cha redio, wakasomewa sehemu ya kitabu cha kampeni, wakajadili, kisha wakakubaliana la kufanya kijijini kwao. Wasiojua kusoma hawakuachwa nyuma, maana kiongozi wa kikundi aliwasomea. Baada ya vikao vyoo vilichimbwa, mazalia ya mbu yakafukiwa, vyanzo vya maji vikasafishwa. Kitabu kilizaa matendo kwa sababu kila kikao kiliishia katika uamuzi.

Miaka kumi baadaye, mwaka 1983, ulianza mpango wa lishe wa Iringa, ukisaidiwa na UNICEF na WHO kwa fedha za Italia. Ulianzia katika vijiji 168 vya mkoa huo, ambao wakati ule ulijumuisha Njombe. Watoto walipimwa uzito kijijini, si hospitalini tu, na wazazi pamoja na viongozi wakajiuliza: hali ikoje, chanzo chake ni nini, tufanye nini kwa tulicho nacho? Kati ya mwaka 1984 na 1988, watoto wenye uzito pungufu sana katika vijiji hivyo walishuka kutoka takribani 6 katika 100 hadi chini ya 2. Hata hivyo, kushinda utapiamlo mkali si kumaliza udumavu, maana mtoto aliyedumaa anaweza kuonekana mnene wa kuridhisha. Ndiyo maana kimo nacho kinapaswa kupimwa.

Kinachodumu na kinachozeeka

Wengi wetu tumekiona kitabu Mahali Pasipo na Daktari, chake David Werner, mwalimu wa biolojia kutoka Marekani aliyefanya kazi na wanavijiji wa milimani huko Meksiko. Kilitoka kwanza kwa Kihispania mwaka 1973, na baadaye kikafasiriwa kwa lugha nyingi, Kiswahili kikiwamo.

Vitabu vya namna hii tuvisome kwa busara. Sura za choo, maji safi, kunyonyesha na kunawa mikono hazichakai. Sura za dawa huchakaa. Nakala ya zamani ikikuelekeza kutibu malaria kwa klorokwini, kumbuka kwamba Tanzania iliiacha dawa hiyo kama tiba ya kwanza mwaka 2001, na tangu mwishoni mwa 2006 tunatumia dawa ya mseto. Basi tutazame mwaka wa toleo, na kuhusu dawa na vipimo vyake tumuulize mhudumu wa zahanati.

Tujihadhari pia na kitabu kinachoahidi mmea mmoja kutibu kila ugonjwa, au kinachomwambia mgonjwa aache dawa za VVU, kifua kikuu au kisukari ili aonyeshe imani. Yoshua bin Sira, katika sura ya 38, anafundisha kwamba tabibu na dawa vimetoka kwa Mungu. Anamtaka mgonjwa asali, na pia ampe tabibu nafasi. Anayemfanya mgonjwa achague kimojawapo hafundishi imani ya Kanisa.

Kuona, kuamua, kutenda

Njia ya vikundi vya 1973 inafanana na ile ya Padre Joseph Cardijn wa Ubelgiji, ambayo Papa Yohane XXIII aliipendekeza katika waraka Mater et Magistra wa mwaka 1961: kuona, kuamua, kutenda. Nasi tunavyo vikundi tayari, ndizo Jumuiya Ndogo Ndogo. Tunapendekeza kila jumuiya itenge robo saa baada ya Neno la Mungu, mara moja kwa mwezi. Mmoja asome ukurasa mmoja wa kitabu cha afya kwa sauti. Wanajumuiya waseme hali ilivyo katika kaya zao, bila kumtaja wala kumwaibisha mtu. Kisha wachague tendo moja, na mwezi unaofuata waulizane lilivyokwenda.

Maswali ya kujadili

1. Katika jumuiya yetu, mtoto wa mwaka mmoja hula nini na mara ngapi kwa siku?
2. Ni chakula gani tunachouza chote bila kumbakizia mtoto?
3. Vitabu vya afya tulivyo navyo parokiani ni vya mwaka gani, na nani ataanza kutusomea?