Ufunguo wa Programu na Usalama wa Tasnifu: Mtazamo kutoka Kitale na Bungoma

Utangulizi

Mwanafunzi wa fasihi simulizi anayefanya utafiti kati ya Kitale na Bungoma huhifadhi katika kompyuta rekodi za ngano za Wabukusu pamoja na tasnifu yake. Kazi hiyo hutegemea programu ambazo baadhi yake hudai namba iitwayo ufunguo. Makala haya yanajadili jinsi istiari hiyo inavyoweza kumpotosha mtumiaji.

Ufunguo au Hati?

Ufunguo wa mlango haumjui aliyeushika. Ule wa programu hutaka kumjua. Windows XP, iliyotolewa mwaka 2001, ilikuwa na ufunguo wa herufi na tarakimu 25. Kwa kawaida, namba hiyo ilihusishwa na alama za mashine na kuthibitishwa na kampuni, ili leseni moja isitumike katika mashine nyingi. Kwa hivyo, ufunguo huu ni hati ya idhini, na hati huweza kubatilishwa. Mwaka 2002, Microsoft ilizinyima nyongeza ya kwanza ya XP nakala zilizotumia funguo zilizovuja.

Isitoshe, Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001 huiweka programu ya kompyuta katika kundi moja na riwaya na tamthilia. Mwanafasihi anayelaani wizi wa vitabu hawezi kuutetea huu.

Hatari

Asiye na hati hushawishika kutumia programu ya kuvunja kinga. Mara nyingi maelekezo yake humtaka azime kwanza kinga ya virusi. Yaani, amwondoe bawabu kisha amkaribishe mgeni asiyemjua. Mgeni huyo aweza kuiba nywila, au kufunga mafaili na kudai fidia. Virusi vingine husafiri kwa flashi kutoka mashine hadi mashine, vikamfikia hata asiyevunja chochote.

Hitimisho

Njia halali isiyo na gharama ipo. Mwaka 2004, mradi wa Kilinux wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam ulitoa Jambo OpenOffice kwa Kiswahili. Leo LibreOffice hupatikana bila malipo wala ufunguo. Aidha, nakala ya pili ya kazi ihifadhiwe mbali na mashine. Tasnifu iliyopotea huweza kuandikwa upya. Sauti ya msimulizi aliyekwisha kufariki hairekodiwi mara ya pili.