Kuporomoka kwa Akili ya Kazimoto katika Kichwamaji

Wanafunzi wengi wanapoulizwa kuhusu Kazimoto, mhusika mkuu wa riwaya ya Kichwamaji (1974) ya Euphrase Kezilahabi, hutoa jibu moja: alirukwa na akili. Jibu hili ni jepesi mno. Mwendawazimu katika fasihi aghalabu hutambulikana kwa matambara na maneno yasiyoshikamana. Kazimoto ni msomi wa chuo kikuu, na masimulizi yake yamepangika.

Ugumu wa riwaya hii umo papo hapo. Katika Rosa Mistika (1971), msimulizi wa nafsi ya tatu humwonyesha msomaji jinsi Rosa anavyoangamia. Katika Kichwamaji, anayesimulia ndiye anayeharibikiwa. Msomaji hana shahidi mwingine wa kumtegemea, na hujikuta amekwisha kuzikubali hoja za Kazimoto kabla ya kung'amua zinakoelekea.

Uhusiano wake na Sabina unalidhihirisha jambo hili. Manase alimpachika mimba Rukia, dada yake Kazimoto, na Rukia akafa. Uchungu huo ni wa kweli, ingawa wahakiki wenye haraka ya kufikia udhanaishi huuruka kama kijito. Hata hivyo, Kazimoto anaamua kulipiza kisasi kupitia kwa Sabina, dada yake Manase, ambaye hakumkosea lolote. Katika fikra zake Sabina si mtu tena, ni fidia. Hapa ndipo uhalisi unapoanza kumponyoka. Haoni mizuka wala hasikii sauti. Anawaona watu kama hoja. Mapenzi yanapozuka kwelikweli na wawili hao wakaoana, tayari amezoea kuyapima maisha kwa mbali, kana kwamba si yake.

Kisha mtoto wao anazaliwa na kichwa kikubwa kupita kiasi, naye hakai duniani. Anwani ya riwaya inabeba vichwa viwili: cha mwana, na cha baba kilichofurika mawazo. Kwa Kazimoto, kifo hiki kinakuwa ithibati ya mwisho kwamba maisha hayana maana, naye anajiua. Sabina amefiwa na mtoto yuyo huyo, lakini uchungu wake haupati nafasi katika hoja za mumewe.