Kilo ya Kibuli ni Ile Ile ya Paris: Namna ya Kuilinda

Ukinunua kilo ya nyama kwenye bucha lolote la Kibuli, Kampala, unategemea makubaliano ya dunia nzima. Tangu 1889 kilo ilikuwa kipande kimoja cha metali, silinda ya platini na iridi iliyofungiwa Sèvres, karibu na Paris, na nchi nyingi zilipewa nakala zake. Nakala hizo ziliporudishwa kulinganishwa, zilikutwa zimeachana na silinda mama kwa takriban mikrogramu 50 katika miaka mia moja. Ni kiasi kidogo mno, lakini ikiwa kilo yenyewe inahama, vitu vingine vyote vitapimwa kwa kitu gani? Ndiyo sababu mnamo Novemba 2018, huko Versailles, nchi wanachama ziliamua kilo isitegemee tena kipande cha metali. Kuanzia 20 Mei 2019 inatokana na konstanti ya Planck, namba ya maumbile isiyochakaa wala kuibwa.

Namba hiyo huteremka hatua kwa hatua hadi mtaani: maabara za kimataifa, kisha Shirika la Viwango la Uganda (UNBS) lenye makao makuu Bweyogerere, kisha mawe ya mizani anayobeba mkaguzi, na mwisho mizani ya muuzaji. Hatua hii ya mwisho ndiyo dhaifu kuliko zote, na ndiyo iliyo mbele ya macho yetu kila siku.

Kosa la mizani si lazima liwe wizi. Dunia haivuti vitu kwa nguvu sawa kila mahali. Kampala iko karibu kabisa na ikweta, tena kwenye mwinuko wa mita 1,200 hivi, kwa hiyo mvuto wake ni hafifu kuliko wa Paris. Mizani ya springi au ya dijitali iliyorekebishwa Paris, ikiletwa hapa bila kurekebishwa upya, itasoma pungufu ya gramu 3 hivi kwa kila kilo. Hapo anayepunjika ni muuzaji! Mizani ya sahani mbili haina tatizo hilo, maana mvuto unapungua pande zote mbili kwa pamoja. Kwa hiyo uhakiki wa mizani unamlinda mwenye duka sawa na mteja wake.

Kwa mnunuzi, jambo la kwanza ni kuangalia stika ya uhakiki ya UNBS. Mizani ya biashara huhakikiwa kila mwaka, hivyo soma mwaka ulioandikwa. Stika iliyopitwa na wakati haikuhakikishii chochote. Kabla kitu hakijawekwa, mshale au kioo kisome sifuri. Ikiwa kuna sahani au mfuko, sifuri isomwe vikiwa tayari juu ya mizani. Usione haya kumwambia muuzaji, "Mzee, naomba tuanze na sifuri." Ukiwa na shaka, weka chupa ya maji ya nusu lita ambayo haijafunguliwa: mizani sahihi itasoma nusu kilo na gramu chache za plastiki. Ikisoma gramu 600, usinunue hapo. Mizani ya jikoni au ya kupimia uzito wa watu haifai kwa biashara, hata iwe mpya namna gani.

Uangalifu huo huo unahitajika kwa lita pia: kwenye kituo cha mafuta, hakikisha pampu imerudi sifuri kabla bomba halijaingia kwenye tangi. Waendesha boda wanaojaza mara nyingi kwa siku ndio wanaoumia zaidi, kwa sababu upungufu mdogo hujilimbikiza.

Kwa muuzaji: weka mizani mahali tambarare, mbali na feni na upepo, na ubadilishe betri kabla haijaisha kabisa. Usifungue muhuri wa mizani mwenyewe. Ikitengenezwa na fundi, ihakikiwe tena kabla ya kurudi kazini. Kibuli, chini ya msikiti wake mkubwa, wengi wanajua kwamba Kurani ina sura nzima, ya 83, inayoanza na onyo kwa wanaopunja vipimo. Sheria ya mizani na vipimo inasimama upande huo huo.

Ukipunjwa, dai risiti, andika tarehe na mahali, piga picha ya stika kama ipo, kisha upeleke malalamiko UNBS. Ukitaja mahali na siku, mkaguzi atajua pa kuanzia.