Ugomvi wa Nyumbani Ndani ya Riwaya

Swali: Kwa nini ugomvi wa familia katika hadithi nyingi huonekana wa kubandikwa?

Kwa sababu mwandishi huanza na ubaya wa mtu, si na hesabu ambazo wanandugu hawajamaliziana. Baba katili, mke mwenza mwenye wivu, mjomba mroho wa urithi: msomaji akishawatambua hivyo, mengine anayakisia mwenyewe. Tazama Rosa Mistika ya Euphrase Kezilahabi (1971). Zakaria, ambaye pombe imekwisha kumvunjia heshima, anampiga bintiye Rosa kwa sababu ya barua ya kijana. Barua ni karatasi tu. Kinachopiganiwa ni mamlaka juu ya binti, pengine kitu pekee ambacho baba huyo bado anaamini ni chake. Tena kipigo hakiishii siku ile: Rosa aliyekatazwa wavulana anaondoka nyumbani bila kujua namna ya kuishi nao, na ule ulinzi ndio unaomponza. Adui wa nje hujua kwamba anakudhuru; mzazi huweza kukudhuru huku akiamini anakuokoa, na riwaya ya familia inaishi katika tofauti hiyo.

Swali: Kumpa mzazi wa namna hiyo sababu zake, si kumtetea?

Pingamizi hili ni zito, hasa pale ambapo anayeumia hana wa kumsemea. Lakini kueleza chanzo cha ukatili si kuusamehe. Katika Utengano ya Said Ahmed Mohamed (1980), Maksuudi anamfungia bintiye Maimuna ndani kwa jina la heshima. Mkunga Farashuu anapoingizwa kumzalisha Bi Tamima, mke wa Maksuudi, mume hahesabu kwamba mkewe kasaidiwa; anachokiona ni hasimu wa zamani kavuka kizingiti chake. Mke anaachwa. Tunamwelewa Maksuudi, na kwa kumwelewa tunamchukia zaidi, maana ukatili wake una mantiki. (Nadhani angetisha hata zaidi kama angeonyeshwa mapema akisita, japo mara moja.)

Swali: Maneno ya ugomvi yaandikweje?

Kwa uchache. Wengi wetu hatuambiani uso kwa uso; tunapitishia kwa shangazi, kwa methali, au kwa kanga iliyochaguliwa makusudi siku ya shughuli. Yupo atakayesema kijana wa mjini hana subira na mafumbo. Sikubaliani: hata katika grupu la WhatsApp la ukoo, ujumbe wa mkwe ukisomwa na wote usijibiwe na yeyote, fumbo limeshafumbwa.

Swali: Na suluhu je, ni lazima?

Hapana. Kikao cha wazee kinaweza kumaliza kesi ya kiwanja, lakini ndugu aliyeshindwa atakumbuka nani alisimama kutoa ushahidi dhidi yake. Sura inayofuata ianzie hapo.