Kasuku Mdogo na Kazi ya Mdomo Wake

Tangu muhula uliopita wanafunzi wengi, na wazazi pia siku ile ya kutembelea shule, wameniuliza habari za yule kasuku mdogo aliye katika chumba cha Bailojia: kwa nini tundu lake limejaa magunzi, madodoki na vipande vya karatasi kama jaa, na kwa nini kengele yake nzuri imeondolewa. Nimeona heri niwajibu wote hapa kwa mara moja, maana jibu lenyewe ni somo la Bailojia barabara, tena ndani yake limo kosa langu ambalo sipendi mtu mwingine alirudie.

Kwanza yafaa tumjue ndege mwenyewe. Ni kasuku wa kijani, mwenye kichwa cheusi, ukosi wa manjano shingoni, mdomo mwekundu, na duara nyeupe kuzunguka jicho. Urefu wake ni kama sentimita 15, na uzito wake kama gramu 50 tu. Jina lake la kitaalamu ni Agapornis personatus, alilopewa na Reichenow, mtaalamu wa ndege wa Ujerumani, mwaka 1887. Watu hudhani kasuku wote hutoka nchi za mbali, lakini huyu ni mwenyeji wa Tanzania. Kwao ni nyika za kaskazini na za katikati ya nchi yetu. Mtu akitoka hapa Babati akashika njia ya Arusha, kisha akaingia Hifadhi ya Tarangire, huweza kuwaona wakiruka makundi makundi kati ya mibuyu, wakipiga kelele. Ndugu yake, kasuku wa Fischer, mwenye uso wa rangi ya machungwa, hukaa upande wa Serengeti na nyika zilizo kusini mwa Ziwa Victoria.

Huyu wetu hakukamatwa porini. Alianguliwa tunduni, akafugwa na mzazi mmoja hapa mjini, na mzazi huyo alipohamishwa kikazi akatuachia ndege pamoja na karatasi zake za kibali. Nazitaja karatasi kwa makusudi, kwa kuwa bila hizo nisingempokea: kwa Sheria ya Kuhifadhi Wanyamapori ya mwaka 2009, kumkamata ndege wa porini na kumweka nyumbani pasipo kibali ni kosa. Sheria hiyo ina sababu. Katika miaka ya 1980 kasuku wa Fischer walinaswa kwa wingi mno na kuuzwa ng'ambo, hata wakapungua sana, na mwaka 1992 biashara hiyo ikasimamishwa.

Alipofika alikuwa katika hali ya kusikitisha. Tundu lilikuwa dogo kama ndoo, na ndani yake mlikuwa na kijiti kimoja cha plastiki na kikombe cha mtama, basi. Kifua chake kilikuwa kitupu, ngozi inaonekana, maana alikuwa akijinyonyoa manyoya mwenyewe. Nilimwomba daktari wa mifugo amtazame kwanza, kwa kuwa maradhi na utitiri huweza kuleta hali hiyohiyo. Akasema hana ugonjwa. Ndipo nilipofahamu kuwa taabu yake ni upweke na kukosa kazi.

Hapo ndipo nilipokosea. Nilikwenda dukani nikanunua vitu vilivyonipendeza mimi: kioo chenye ukingo wa plastiki, kengele ndogo ya kung'aa, na kamba ya nailoni ya rangi tatu. Nikavitundika vyote siku moja. Wanafunzi walishangilia, lakini ndege alijibanza pembeni kwa siku mbili, akiviogopa. Siku ya tatu akaanza kuitafuna kamba, nayo ikatoa nyuzi. Asubuhi ya nne mwanafunzi wa Kidato cha Pili alinijia mbio: "Mwalimu, kasuku ananing'inia!" Uzi ulikuwa umemzonga kidole cha mguu, umekaza hata kidole kimevimba na kugeuka cheusi. Tuliukata kwa mkasi wa maabara, watu wawili wakimshika ndege katika kitambaa. Kidole kilipona, ila ukucha wake haukuota tena. Anayetaka kuhakikisha na autazame mguu wa kushoto.

Basi nikarudi vitabuni, jambo ambalo ningalifanya kabla ya kwenda dukani. Porini kasuku hawa hulala na kuzaa ndani ya mapango ya miti, na jike hubandua maganda na vijiti ili kujenga kiota humo. Kuhusu kazi hiyo ya kuchana na kubeba, mtaalamu wa Marekani aitwaye William Dilger, wa Chuo Kikuu cha Cornell, aliandika majaribio yake mwaka 1962. Alikuwa na aina mbili. Moja ni kasuku mwenye uso wa waridi, anayetoka upande wa Namibia. Huyu huchana vipande virefu, akavichomeka katika manyoya ya mgongoni, kisha akaruka navyo. Ya pili ni kasuku wetu wa Fischer, ambaye hubeba kipande mdomoni. Dilger alizalisha machotara wa aina hizo mbili, nao wakapata taabu kubwa: walichana vizuri, wakajaribu kuvichomeka mgongoni, vikaanguka, wakaanza tena. Ilichukua miaka 3 hata wakazoea kubeba kwa mdomo karibu kila mara, na hata hapo bado waligeuza kichwa nyuma kidogo kabla ya kuondoka, kana kwamba wanataka kuchomeka.

Nawauliza wanafunzi wangu: ni nani aliyewafundisha kugeuza kichwa? Hakuna. Jambo hilo limo katika urithi wao. Kadhalika ndege wetu, ajapokuwa hajauona mbuyu hata siku moja, amezaliwa na mdomo unaotaka kuchana kutwa. Asipopewa cha kuchana, atachana alicho nacho, yaani manyoya yake. Mwaka 2003 wataalamu wa Chuo Kikuu cha California kilichoko Davis walichapisha habari za kasuku wachanga wa Amazoni waliolelewa katika matundu ya namna mbili, mengine matupu na mengine yenye vitu vya kutafuna na chakula cha kutafutwa. Wale wa matundu matupu walijinyonyoa zaidi. Walipopewa vitu hivyo, manyoya yao yakaanza kupata nafuu.

Tangu hapo sijiulizi tena kama kitu kinapendeza. Najiuliza, je, mdomo utapata kazi gani hapa? Na mara nyingi jibu hupatikana bure. Dodoki kavu, lililotolewa mbegu na kukatwa vipande, ndilo analolipenda kuliko vyote. Hulichana nyuzi moja moja hata likaisha. Gunzi la mahindi hulibomoa kwa siku mbili. Ukindu usiotiwa rangi huuchana kwa urefu, mikato iliyo sawa kama ya wembe. Karatasi nyeupe za madaftari nazo humfaa, mradi pini zimetolewa. Wala msimpe karatasi za majaribio yenu mliyoshindwa, kwa kuwa nakala ya alama ninayo. Chakula pia tunakificha: punje za mtama huviringishwa ndani ya ganda la hindi na kufungwa kwa ganda hilohilo, naye hushinda akilifumbua. Zamani alimaliza kula kwa dakika chache, kisha akakaa bure mpaka jioni.

Tundu lenyewe tulilibadili. Mafundi wetu wa useremala walitengeneza jingine lenye urefu wa mita 1, kwa maana ndege huruka kwenda mbele, si kupanda juu kama lifti. Tundu refu la kusimama halimsaidii. Nafasi kati ya waya na waya isizidi sentimita 1.2, asije akapitisha kichwa. Vijiti vya kutulia ni matawi ya mpera na mforsadi pamoja na maganda yake, vingine vinene na vingine vyembamba, kati ya sentimita 1 na 2. Mguu ukishika unene mmoja tu mwaka mzima hupata vidonda chini. Chombo cha maji kisiwekwe chini ya kijiti, kwa sababu ambayo kila mfuga kuku aijua.

Si kila tawi lafaa. Jihadharini hasa na mnyaa, ule mti wa ua wenye utomvu mweupe. Wamaasai huuita emanyara, na husemwa kuwa ndiko lilikotoka jina la ziwa, na kwa ziwa jina la mkoa wetu. Lakini utomvu wake huunguza ngozi na macho, nao haufai kutafunwa na ndege. Mabua ya mbaazi yamejaa hapa Babati, nami nilitaka kuyatumia, ila mashamba mengi hupigwa dawa ya wadudu, nikaacha. Waya wa mabati uliopakwa zinki ni sumu kwa kasuku atafunaye, na risasi ni mbaya zaidi. Ndiyo sababu kengele ilitoka, kwa kuwa sikujua ulimi wake ni wa madini gani. Wafugaji wa nyumbani wakumbuke pia kwamba parachichi humwua kasuku, na kwamba kikaango kisichoshika chakula kikipata moto kupita kiasi hutoa hewa inayoweza kumwua kwa dakika chache. Kamba tunatumia ya katani nene tu, fupi kuliko ndege mwenyewe, na ikianza kutoa nyuzi tunaitupa.

Kioo nacho kiliondoka. Alikuwa akikitapikia chakula, kama ndege amlishavyo mwenziwe, akangoja, wala hakujibiwa. Kwa kweli mwenzi ndiye anayemkosa, na hakuna gunzi liwezalo kuwa mwenzi. Kijana mmoja, kwa nia njema, aliniambia kuwa jamaa yake aishiye karibu na hifadhi anaweza kutoa kinda pangoni. Nilikataa, na kijana alihuzunika, akaniuliza kama nampenda ndege kweli. Swali hilo lilinikaa usiku. Lakini kinda huyo angekuwa na wazazi na kundi lake, nasi tungeponya upweke wa mmoja kwa kumwondoa mwingine kwao. Tumeandika kuomba kibali cha kumpata mmoja aliyeanguliwa tunduni, na jibu bado tunalingoja. Kwa sasa tundu limehamishiwa karibu na dirisha la njia, ambapo husikia watu siku nzima, na usiku hufunikwa kitambaa apate kulala saa 10 au 12.

Kifua chake sasa kimeota manyoya, isipokuwa mahali padogo panapotoshana na sarafu ya shilingi 50, ambapo bado hupadonoa siku za likizo shule inapokuwa kimya. Kwa hiyo nahitaji wanafunzi wawili wa kutwa watakaokuja kila asubuhi wakati wa likizo ya mwezi wa sita. Watakaokubali waandikishe majina kwangu kabla ya Ijumaa, na waje na madodoki, yawe makavu na yametolewa mbegu.