Wali Mweupe na Kuku wa Daktari

Kina mama wanaoleta watoto kliniki hutuuliza: mchele mweupe pe na ule uliobaki na pumba kidogo, upi bora? Ili tujibu, tuanze mbali kidogo.

Mpunga ulianza kulimwa bonde la mto Yangtze, China, maelfu ya miaka kabla ya Kristo. Ukaenea Asia, na mabaharia wa Bahari ya Hindi wakaufikisha pwani yetu. Leo zaidi ya nusu ya watu duniani hutegemea wali.

Zamani mpunga ulitwangwa kwa kinu na mchi, pumba kiasi ikabaki kwenye punje. Karne ya 19 zikaja mashine za mvuke zilizoukoboa mpaka ukang'aa. Watu wakaupenda. Lakini huko Asia, waliokula wali huo karibu mtupu wakazidi kupatwa na beriberi: miguu hufa ganzi na kulegea, wengine huvimba, moyo hushindwa kazi.

Mwishoni mwa karne hiyo Dakta Christiaan Eijkman, Mholanzi, alikuwa kisiwani Java akitafuta kijidudu cha ugonjwa huo. Kuku wake, waliolishwa wali mweupe wa hospitali ya jeshi, wakaanza kupooza. Mpishi mpya akakataa kuwapa kuku chakula cha askari. Wakalishwa mchele wenye pumba, wakapona! Kumbe hapakuwa na kijidudu. Kilichokosekana kilikuwa kwenye pumba, nacho ni vitamini B1. Eijkman alipewa Tuzo ya Nobel mwaka 1929.

Basi tufanye nini?

1. Tusikoboe mchele kupita kiasi. Weupe si ubora.

2. Tuuoshe mara moja au mbili tu, na tupike kwa maji yatakayokauka. Vitamini hii huyeyuka, hivyo tukimwaga maji tunaimwaga nayo.

3. Wali usiliwe mtupu. Tuweke maharage, kunde, choroko, karanga, samaki au mayai.

4. Mama anayenyonyesha ale vizuri zaidi. Akikosa vitamini B1, maziwa yake nayo huikosa, na mtoto mchanga anaweza kufa upesi.

Ukiona ganzi miguuni, uvimbe au moyo kwenda mbio, usisubiri. Nenda zahanati mapema. Ugonjwa huu ukiwahiwa, hutibika.